Kubadilisha mhasibu wa kodi Australia: ufunguo uko kwenye simu yako

Asanteni, asanteni, kaeni jamani. Mwenyekiti kanipa dakika ishirini na ameshaniangalia kwa lile jicho la kusema zikifika ishirini na tano anazima maiki, kwahiyo salamu zangu fupi, wazee shikamooni, wamama shikamooni, vijana mambo vipi.

Kwanza niseme mapema, mimi sio mhasibu. Nina kampuni ndogo ya kubeba mizigo, magari mawili, dereva mmoja nimemwajiri na wa pili ndo mimi mwenyewe. Nimeitwa hapa kwasababu nilibadilisha mhasibu na nikakosea karibu kila kitu ambacho mtu anaweza kukosea, kamati wakasema huyu ndo anafaa kutufundisha. Sawa, nimekubali. Ila ukitaka ushauri wa kodi yako wewe, kamlipe mtu aliyesajiliwa, usining'ang'anie mimi kwenye parking.

Ilianza hivi. Mhasibu wangu wa zamani, simtaji na msiniulize, alikuwa mtu mzuri tu mpaka akaacha kupokea simu. Wiki ya kwanza nikasema yuko bize, wiki ya tatu imeili hazijibiwi, na karatasi ya BAS, ile ripoti ya kodi ya biashara, inakaribia. Nikatafuta mwingine, nikampata, tukaongea, bei tukaelewana, nikajua yameisha. Baada ya siku mbili ananipigia anasema kaka nashindwa kukuingiza kwenye sistemu, naomba uingie kwenye akaunti yako ya ATO, ofisi ya kodi ya Australia, uniteue mimi kuwa wakala wako.

Mi nikakata simu.

Msicheke, nyie mngefanya nini? Miaka yote tunaambiwa mtu akikupigia akataja ATO na akaunti kwenye sentensi moja ujue tapeli. Na zamani haikuwa hivo, zamani ulimpa mhasibu mpya ABN yako, namba ya biashara, na namba ya kodi, unasaini karatasi yake, kesho yake anaona mambo yako yote. Wewe hata hujui ATO ina mlango wa kuingilia wateja.

Sasa ndo hapohapo palipokuwa na shida. Namba ya kodi ya kampuni iko kila mahali, iko kwenye barua, kwenye fomu, kwenye simu ya aliyekusaidia kufungua akaunti ya benki, iko kwenye lile faili mlilosahau kwenye nyumba mliyohama. Tapeli akiipata na akapata namna ya kujifanya wakala anajiingiza kwenye akaunti yako, anabadilisha namba ya benki, anatuma BAS ya uongo, hela ya marejesho inaenda kwake alafu deni linabaki kwa jina lako. Kwahiyo ATO wakageuza kitasa. Walianza na makampuni makubwa, alafu kuanzia tarehe 13 Novemba 2023 ikawa kila mwenye ABN, kampuni, trasti, ubia, chama, isipokuwa wale wanaofanya biashara kwa jina lao wenyewe, sole trader. Wakala mpya hawezi kukuongeza mpaka wewe mwenyewe uingie ndani umteue. Yeye anagonga, wewe unafungua.

Ngoja nimalize hapo kwa sole trader maana naona vijana wa teksi za mtandaoni wameanza kutoa simu mfukoni. Nyie hii hatua ya kuteua haiwahusu, mhasibu wenu mpya anawaongeza kwa njia ya kawaida. Lakini msitoke, kwasababu nusu yenu mwaka ujao mtakuwa na Pty Ltd, yaani kampuni, nawajua. Na kama una kampuni na pia una trasti, kila moja ina ABN yake, kila moja unateua peke yake, ukiteua kwenye moja nyingine inabaki imefungwa.

Haya, twende kwenye kinachotuchanganya wote. Kuna majina matatu na yanafanana kama mapacha.

myGov ile mnayoijua, ya Centrelink ya misaada ya serikali na Medicare ya matibabu, ile ni yako wewe kama mtu. Ya biashara haiko humo. Nimeona mtu amekaa saa nzima ndani ya myGov anatafuta mahali pa kumteua wakala wa kampuni, hapapo, hata ukikesha. myID ni apu ya kwenye simu, kazi yake moja tu, kuthibitisha kwamba wewe ni wewe. Zamani iliitwa myGovID, wakabadilisha jina mwezi wa 11 mwaka 2024, labda waliona sisi tumeshachanganyikiwa kiasi cha kutosha. Alafu kuna RAM, hiyo ndo inaunganisha wewe na kampuni yako, inasema huyu mwenye hii simu ndo mwenye hii ABN. Ukishapita hizo mbili ndo unaingia kwenye Online services for business, akaunti ya biashara ya ATO, na huko ndani ndo kwenye kazi yenyewe. Apu, RAM, alafu ndani. Ukishika huo mpangilio umeshamaliza nusu.

Shemeji yangu ana kampuni ya usafi, nilikaa naye mezani kwake jumapili moja kumsaidia na nataka niwaonyeshe ilivyokuwa, kwasababu kwenye maelekezo inaonekana dakika kumi na kwetu ilikula mchana mzima. Apu tumepakua, imeili ameweka. Hapo tu tayari kuna jambo, ilikuwa imeili ya ofisi ambayo na binti anayemsaidia kazi anaifungua, nikamwambia shem futa, weka ya kwako peke yako, hii apu ndo sahihi yako, haishirikishwi. Tukaanza upya. Leseni ya udereva ikakubali. Kadi ya Medicare ikakataa. Tukaingiza tena, ikakataa. Mara ya tatu nikamwambia acha kwanza, nikavaa miwani nikasoma kadi herufi kwa herufi. Kwenye leseni jina lake la kati limeandikwa lote, kwenye Medicare kuna herufi moja tu. Yeye aliandika lile refu. Tukaandika kama kadi inavyosema, ikapita palepale.

Hilo la majina ni letu sisi hasa. Wengine hapa jina la baba limekuwa la ukoo, la ukoo limekuwa la kwanza, yule aliyekuandikisha kambini aliandika alivyosikia. Na tarehe za kuzaliwa, jamani, hapa ukumbini tarehe 1 Januari tupo wangapi? Nyoosheni mikono. Mnaona. Sio kosa, ila lazima iwe ileile kwenye kila karatasi, kama leseni inasema Januari na pasipoti inasema Juni apu inakukatalia na haikwambii kwanini. Anza kwa kuweka vitambulisho vyote mezani pamoja uvisome kabla hujagusa simu.

Alafu kuna ngazi. myID ina ngazi ya Standard na ngazi ya Strong. Strong inataka pasipoti ya Australia, yaani iwe hai au isiwe imepita zaidi ya miaka mitatu tangu iishe, na inataka kuskani uso, unaweka uso kwenye duara, shemeji ilibidi asogee dirishani maana taa ya jikoni ilikuwa inamweka kivuli. Mkurugenzi wa kampuni anayeunganisha kampuni kwa mara ya kwanza ndo anaambiwa awe na hiyo Strong. Najua mnachotaka kuuliza, na sisi ambao bado hatujapata uraia? Hapo usikate tamaa na usitumie pasipoti ya mwenzio, nasema tena, usitumie ya mwenzio. Panda mpaka Standard kwa vitambulisho ulivyo navyo, alafu unapiga simu ATO unawaeleza, wana njia ya kukusaidia mtu asiyeweza kufika Strong. Utasubiri kwenye laini, ndio, weka spika upike huku unasubiri. Na ukitaka mkalimani wa Kiswahili unaomba, serikali ina huduma ya wakalimani kwa simu, huna haja ya kumtoa mtoto shule aje akutafsirie kodi.

Ukiingia RAM, inaangalia rejista ya biashara, ABR, kama jina lako limo kwenye ile ABN. Hapa ndo mimi niligonga ukuta. Wakati naanza kampuni nilikuwa na mwenzangu, tukaachana kwa amani kabisa, lakini kwenye rejista alibaki yeye na jina langu limeandikwa kwa kukosea herufi. Mwenye kampuni hatambuliki kwenye kampuni yake! Kisheria ukibadilisha wakurugenzi au anwani unatakiwa usasishe ABR ndani ya siku 28, mi nilikuwa nimepitisha miaka. Kurekebisha kulinichukua muda kuliko mambo mengine yote, na nani angenirekebishia? Mhasibu. Yupi? Yule wa zamani hapokei, huyu mpya hawezi kuingia. Unaona mduara wenyewe.

Kuingia ndani kwenyewe ni rahisi, unafungua kompyuta, unaandika imeili yako, kwenye skrini inatokea namba ya tarakimu nne, unaichukua unaiandika kwenye apu ya simu, inafunguka. Shemeji alinisomea ile namba kwa sauti kubwa kama anatangaza bahati nasibu. Nikamwambia kwangu sawa, lakini kesho mtu akikupigia simu akasema nisomee namba unayoiona, hapo ndo unakata.

Ndani unaenda kwenye Profile, alafu Agent details, kuna sehemu ya Agent nominations, unabonyeza Add. Inakuuliza wakala gani, unaweza kumtafuta kwa jina la ofisi yake au kwa namba yake ya usajili. Ndugu zangu, namba. Namba, namba, namba. Mi nilitafuta kwa jina. Jina la mhasibu wangu mpya lina maneno ya kawaida, tax na accounting na nini, wakaja wengi, nikabonyeza wa juu, nikatiki kwamba nakubali, nikatuma, nikafunga kompyuta nikaenda kulala usingizi mnono. Niliteua ofisi ambayo sijawahi kuiona wala kuisikia maishani mwangu.

Na wala hawakujua. Hilo ndo kosa langu la pili, nilidhani ukishateua ATO wanampigia kengele wakala, kwamba hongera umepata mteja. Hawamwambii. Ni wewe unatakiwa umpigie au umwandikie, nimekuteua leo, ingia uniongeze. Kuanzia siku uliyoteua anakuwa na siku 28 za kukuongeza, na ukiona zinakaribia kuisha unaweza kuingia ukaongeza 28 nyingine, zikipita bila kuongezwa unateua upya. Kwahiyo mimi nasubiri mhasibu afanye kazi, mhasibu anasubiri mimi nimteue, na ile ofisi ya watu wengine imekaa na uteuzi wangu bila habari mpaka siku zikaisha zenyewe. Wiki nne. Mimi moyoni nasema huyu naye ni kama yule wa kwanza, na yeye nadhani alikuwa anasema hivyohivyo kuhusu mimi.

Katikati ya hizo wiki nne ikapita tarehe 28 Oktoba, BAS ya robo ya kwanza, ya Julai mpaka Septemba. Ukichelewesha, faini kwa biashara ndogo wakati huo ilikuwa inahesabiwa dola 330 kwa kila siku 28 au sehemu yake, mpaka mara tano. Sitawaambia nililipa au sikulipa. Nitawaambia kilichonichoma roho, ni kwamba ule mlango niliokuwa nimeingilia kuteua, humohumo kuna BAS yangu, ningeweza kuijaza na kuituma mwenyewe usiku uleule, mauzo, GST, yaani kodi ya mauzo, niliyokusanya, GST niliyolipa, basi. Niliipita kama mtu anayepita mlango wa jikoni na njaa yake. Ukiwa katikati ya kubadilisha wakala na tarehe inakuja, usisubiri mtu, jaza mwenyewe, au omba muda kabla tarehe haijafika.

Kuhusu muda nao, chagua wakati. Mwaka wa kodi unaanza tarehe 1 Julai unaishia 30 Juni, na kuna tarehe 31 Oktoba ambayo mhasibu anatakiwa awe ameshakuongeza ili upate zile tarehe za mbele za kutuma ritani wanazopewa mawakala. Ukianza mambo ya apu na RAM wiki ya mwisho ya Oktoba, kaka, utakuwa unaskani uso huku jasho linatoka na apu haitakutambua.

Kabla hujateua mtu yeyote, hakikisha ni wakala kweli. Kuna Tax Practitioners Board, wana rejista kwenye intaneti, bure, unaandika jina inatoka kama amesajiliwa, na namba yake ya usajili iko hapohapo, ndo ile namba niliyosema. Kama hayumo na anakutoza hela kukufanyia kodi anavunja sheria, hata kama ni mpwa wa mchungaji. Na kuna BAS agent, huyo ni wa mambo ya BAS, GST na makato ya mishahara, ritani ya kodi ya mapato ya mwaka hafanyi. Unaweza kuwa naye huyo kwa BAS na mwingine kwa kodi ya mwaka, kwahiyo muulize mpya anajiongeza kwenye nini na nini, usije ukamtoa mtu ambaye ulikuwa bado unamhitaji.

Akishakuongeza, usifunge kitabu. Ingia tena wewe mwenyewe uangalie vitu vitatu. Orodha ya mawakala, yule wa zamani bado yumo? Kama yumo na humhitaji, mtoe. Anwani, maana mawakala wengi huweka barua ziende ofisini kwao, na mimi barua za ATO zilikuwa zinaenda kwa mtu asiyepokea simu, unafikiri alikuwa anafungua bahasha? Na akaunti ya benki ya kurudishiwa hela, soma ile BSB, namba ya tawi la benki, tarakimu moja moja na hakikisha ni yako kweli.

Na yule wa zamani mwandikie. Ustaarabu tu, na pia mpya atamwandikia kuomba mafaili yako, hiyo ni kawaida yao. Risiti na karatasi ulizompa ni zako, lakini kama unadaiwa ada maliza, usimpe sababu ya kuzishikilia. Wangu alijibu, mnajua? Mistari miwili, baada ya miezi mitatu. Alikuwa anaumwa. Nikajisikia vibaya kwa maneno yote niliyoyasema kwenye gari peke yangu, lakini bado angepokea simu mara moja tu.

Swali nililoletewa kwenye karatasi hapa, mtu anauliza, si nimpe tu mhasibu simu yangu na hiyo apu afanye mwenyewe, mimi sijui kiingereza cha kompyuta. Dada yangu au kaka yangu uliyeandika hii, nakuelewa kabisa, lakini hapana. Mhasibu halali ana mlango wake wa kuingilia, hahitaji wa kwako. Anayekuomba myID yako, hata akiwa na roho nzuri, anataka kuwa wewe. Mtu akae pembeni yako akuelekeze, simu ibaki mkononi mwako. Kama kuna mfanyakazi unayemwamini, RAM inakuruhusu umpe ruhusa kwa jina lake na apu yake, na siku akiacha kazi unamtoa. Na meseji ikikujia yenye linki ya kuingilia, ATO hawatumi hivyo, andika anwani mwenyewe kwenye kompyuta.

Mwenyekiti naona mkono umeshaenda kwenye swichi, namalizia. Pale nyuma karibu na chai kuna laptopu mbili, mi na binti yangu tutakaa mpaka saa kumi na moja. Njooni na leseni, Medicare, pasipoti kama unayo, na simu iwe na chaji. Ila foleni nimeshaamua mimi nani anaanza. Hii jumuiya yetu ina ABN, chama nacho kimo kwenye hii sheria, na jana nilienda kuangalia na katibu, anayetambulika kwenye rejista bado ni mwenyekiti wa zamani ambaye amehamia Perth tangu kabla ya korona, alafu mhasibu tuliyemchagua mwezi uliopita anasubiri tumteue. Mweka hazina uko wapi? Acha hiyo sambusa baba, chukua kitambulisho uje.